Kle ya bure ilitufungia mlango



Wengi wameuliza: juu ya nini gazeti letu halikutoka mwezi uliopita? Jibu ni fupi. Lilikuwa ndani ya ordinatere ya sekretariati, na mimi kapita wenu njo niliyeliharibu. Bwana Prefe anajua, walimu wanajua, sasa na ninyi mnajua. Siandiki kusudi mnihurumie. Naandika kwa sababu ile kitu niliyoifanya mimi, nusu ya internati inaifanya kila vakansi, na hakuna anayeiona kuwa kosa.

Hapa shuleni neno "kle" lina maana tatu. Kuna kle ya mlango. Kuna ile kle ndogo ya plastiki ya kubebea masomo na nyimbo. Na kuna kle ya tatu, ule mstari wa herufi na tarakimu ambao mchezo wa ordinatere unakuuliza kabla ya kufunguka. Mimi nilipewa ile ya kwanza kwa sababu ni kapita. Mambo yote yalianzia pale.

Jumamosi moja ya mwezi wa tatu tulikuwa wanne. Mmoja alileta mchezo wa mpira wa zamani kidogo. Ordinatere kumi za chumba chetu ni dhaifu, mchezo ulikataa kutembea. Ile ya sekretariati peke yake ina nguvu, na kle ya mlango wake iko kwenye pete moja na ile ya chumba. Basi tukaingia. Mchezo ukauliza kle yake, na sisi hatukuwa nayo.

Lakini mimi nilikuwa nimejitayarisha. Siku ya tatu kabla yake, katika siber moja ya mjini, nilitafuta kle ya bure na nikapata programu ndogo inayosema kwamba inatengeneza kle za kila mchezo. Maelezo yake yalisema: kwanza zima programu inayolinda mashine. Mmoja wetu akaogopa. Mwingine akamjibu: "Yaya, unaogopa nini? Bale ba Marekani beko na makuta mingi. Shiye tuko na nini?" Tukacheka. Mlinzi wa mashine alipaza sauti mara mbili, nami nikamfunga mdomo kwa mkono wangu. Kle ikatoka, mchezo ukafunguka, tukacheza mpaka kengele ya chakula cha jioni.

Jumatatu Mama sekreteri alifungua mashine. Kila karatasi iliyokuwa ndani ilikuwa imeongezewa mkia kwenye jina lake, na hakuna hata moja iliyokubali kufunguka. Palibaki barua moja tu, kwa Kiingereza. Mwalimu wa Kiingereza akaitwa, akaisoma: mnataka kazi yenu, leteni dola 980, mkilipa ndani ya saa 72 tutawapunguzia, mtatoa 490. Hesabu mwenyewe ni minervali ya wanafunzi wangapi. Bwana Prefe alikataa kulipa. Alisema mwizi hana neno la kuaminiwa, na nadhani alisema kweli.

Pointi za periodi zilipotea. Nyimbo za kwaya zilipotea, majina ya finalisti pamoja na karatasi zao zilipotea, gazeti lilipotea. Mama sekreteri aliandika yote upya kutoka kwenye makaye ya walimu, majuma mawili, mpaka usiku. Nilikuwa naona mwanga wa dirisha lake kutoka kwenye bweni.

Na kuna jambo lingine lililo zito zaidi. Mdogo wetu mmoja wa darasa la nane alikuwa zamu ya kufagia sekretariati jumamosi ile. Alipatikana na kle ya plastiki mfukoni, yenye nyimbo tu. Akasimamishwa siku tatu. Mimi nilimwona akitoka langoni na begi lake, na nikanyamaza. Siku mbili nilinyamaza. Asubuhi ya tatu nikaenda kwa Bwana Prefe.

Sasa, kusudi isiwe kuungama tu, tuongee juu ya kitu chenyewe. Kle ya mchezo ni nini?

Zamani, miaka ya 1980, michezo mingi iliuzwa pamoja na kitabu. Mchezo ulikuuliza: andika neno la kwanza la ukurasa fulani. Mwenye kitabu alijibu, asiye nacho alishindwa. Lakini kitabu kinaweza kupigwa kopi, kwa hiyo makampuni yakaleta namba. Namba hizo za kwanza hazikuwa na siri kubwa. Chukua Windows 95: kile kipande kirefu cha kle yake, tarakimu saba, kilikuwa kinakubaliwa ikiwa jumla ya tarakimu inagawanyika kwa saba. Andika moja mara saba, jumla ni saba, mlango umefunguka. Mwanafunzi yeyote wa hesabu anaona udhaifu wake: mashine ilipima tu kama namba ina umbo zuri. Haikujua kama namba hiyo iliuzwa kweli. Kwa hiyo mtu aliyegundua kanuni aliweza kuandika programu ya kutoa namba elfu. Njo zile programu tunazozitafuta mpaka leo.

Lakini dunia haikusimama. Tangu 2001, Windows XP ilipotoka, ordinatere ya nyumbani ilitakiwa kuuliza kampuni yenyewe kwa njia ya simu au ya intaneti. Mwaka 2004 mchezo wa Half-Life 2 ulitoka, na hata aliyenunua sahani yake dukani alilazimika kuiandikisha kwanza kwa Steam, duka la intaneti la kampuni Valve. Tangu hapo njia hiyo imekuwa ya kawaida. Kle yako inapelekwa kwenye buku kubwa lililo mbali, buku linatazamwa, namba inafungwa kwa jina la akaunti yako, kisha haikubali mtu mwingine.

Nitoe mfano wa hapa kwetu. Mtu anaweza kuokota karatasi na kujiandikia resi ya minervali. Namba itakuwa nzuri, mhuri ataweza kuuchora. Lakini ekonomu akifungua buku lake, namba hiyo haimo. Vivyo hivyo, programu inayoahidi kukutengenezea leo kle ya mchezo mpya inasema uongo. Inaweza kutengeneza namba, lakini haiwezi kuiandika ndani ya buku lililo mbali. Mchezo wetu ulifunguka kwa sababu ulikuwa wa zamani. Na yule aliyetupa kle hakutupa kwa sababu anatupenda. Wahenga walisema kizuri chajiuza, kibaya chajitembeza. Kile kinachojitembeza katika kila siber, kikiitana "bure, bure", sharti tukiulize kinalipwa na nani.

Jibu lake lilitolewa mwaka 2021. Kampuni Avast ya nchi ya Cheki ilieleza juu ya programu moja mbaya iliyoitwa Crackonosh. Ilikuwa imefichwa ndani ya michezo iliyovunjwa kufuli, kama Grand Theft Auto V, NBA 2K19 na The Sims 4. Ilizima walinzi wa mashine, kisha ikaanza kazi yake polepole, mwenye mashine asijue. Iliingia ordinatere zaidi ya 222,000, na wenye programu walipata zaidi ya dola milioni mbili tangu 2018. Kwa kazi gani? Kuchimba. Ndiyo, wataalamu wanatumia neno hilo hilo. Programu inatumia nguvu ya mashine yako na umeme wako kuchimba feza za intaneti, na feza inakwenda kwa mtu usiyemjua.

Sisi watoto wa Kolwezi hatuhitaji kufundishwa maana ya kuchimba. Mnakumbuka Kasulo. Mwaka 2014 watu waligundua kwamba chini ya kartiye yao kuna kobalti, na wakaanza kuchimba ndani ya viwanja, mpaka ndani ya nyumba, chini ya mahali pa kulala watoto. Siwahukumu, umaskini ni umaskini, na mawe yale yalilisha watu. Lakini kila mmoja aliona jambo hili: ukichimba chini ya nyumba, siku moja nyumba itaanza kupasuka kuta. Mimi nilichimba chini ya shule yetu kwa ajili ya saa mbili za mpira, tena bila njaa ya kunisukuma.

Kuna njia ya pili ambayo wengine wanaiona safi. Wanasema: "Mimi siibi. Nanunua kle kwa mtu wa intaneti, ni rahisi tu, robo ya bei." Ndugu, uliza kwanza juu ya nini ni rahisi. Mara ingine mwizi anachukua namba ya karata ya benki ya mtu mwingine, ananunua nayo kle nyingi, na kuziuza upesi kwa bei ndogo. Mwenye karata anapolalamika, benki inamrudishia feza, na aliyetengeneza mchezo anapoteza. Akifuta kle zile, wewe uliyenunua unabaki na makuta yako yamekwenda. Mwaka 2020 soko moja la kle linaloitwa G2A lilikubali kwamba kle 198 za mchezo Factorio zilizouzwa pale zilikuwa za wizi, nalo likawalipa watengenezaji wake, kampuni Wube, dola 39,600. Na Wube si jitu la Marekani. Ni kikundi kidogo cha watu wa Cheki walioanza na mchezo mmoja tu.

Najua neno mnalotaka kunijibu, maana mimi mwenyewe nililisema miaka mitatu. Mtasema: "Kapita, wewe unatetea matajiri. Zaidi ya nusu ya kobalti ya dunia inatoka katika nchi yetu, na sehemu kubwa inatoka hapa Lualaba. Iko ndani ya betri za simu na za ordinatere zao. Wanachukua mawe yetu kwa bei yao, sisi tukichukua kle moja ni kosa?"

Wandugu, neno hilo si la kijinga, na sitaki kulijibu kwa mstari mmoja wa mahubiri. Ni kweli kwamba lori zinapita kila siku mbele ya lango letu zimejaa, na chumba chetu cha ordinatere kina mashine kumi za kizee. Ni kweli pia kwamba bei ya mchezo mmoja mpya inapangwa kwa mshahara wa Ulaya, si kwa mshahara wa baba zetu. Tena mwenye makuta mkononi hapa Kolwezi hawezi kununua kwa urahisi, kwa sababu duka la mbali linaomba karata ya benki, na katika darasa letu hakuna hata mzazi mmoja kati ya watano mwenye karata hiyo. Mlango umefungwa mbele yetu hata tukitaka kulipa. Haya yote ni kweli.

Lakini tazameni nani aliyelipa ile jumamosi yangu. Je, kampuni ya mbali ilipata hasara? Haikusikia hata. Aliyelipa ni Mama sekreteri kwa macho yake na usiku wake, na mdogo wetu wa darasa la nane kwa jina lake. Yule aliyetuandikia barua ya dola 980 hakuuliza kama sisi ni maskini. Tulifikiri tunawapokonya matajiri, kumbe tulimfungulia mwizi, akatupokonya sisi. Deni la kobalti ni deni la kweli, na kizazi chetu sharti kilidai. Kilidai kwa sheria, kwa hesabu, kwa wainjinia na mawakili watakaotoka katika shule kama hii, mchana na kwa jina. Halidaiwi jumamosi jioni kwa kuzima mlinzi.

Tena mmoja wetu kesho atatengeneza programu. Wako vijana wawili wa darasa la technique ambao tayari wanajaribu. Mtu wa Kolwezi akiandika mchezo wake, akauza kle hamsini za kwanza, nanyi mkazigawanya bure katika internati nzima, atakula nini? Nchi yetu ina sheria ya haki za watungaji tangu tarehe 5 aprili 1986. Sheria hiyo siku moja itakuwa ngao yetu sisi.

Kusema "usiibe" peke yake hakutoshi. Mlango wa uongo ukifungwa, sharti mlango mwingine ufunguliwe, kama sivyo watu watapita dirishani. Naomba mambo manne.

Kwanza, tuweke katika ile mashine kumi michezo isiyoomba kle hata siku moja. Iko mingi, na ni halali kabisa kuipiga kopi na kuigawanya. SuperTuxKart ni ya mbio za magari madogo. Battle for Wesnoth, iliyoanza 2003, ni ya vita ya akili, na haiombi mashine ya nguvu. Luanti, iliyoitwa Minetest mpaka 2024, ni ya kujenga dunia kwa matofali. Kwa wadogo kuna GCompris, iliyoanzishwa na Mfaransa Bruno Coudoin mwaka 2000, yenye hesabu na kusoma. Watengenezaji wake wametoa ruhusa kwa maandishi. Mtu mmoja akiivuta mara moja kwenye intaneti, kle moja ya plastiki inatosha kwa shule nzima. Kwa barua na pointi iko LibreOffice, nayo haiombi kitu.

Pili, tuanzishe kasha. Anayetaka kucheza atoe franga mia tano kwa juma. Mwisho wa mwaka, mwalimu au mzazi mwenye karata ya benki atununulie mchezo mmoja katika duka la mtengenezaji mwenyewe. Kisha tufanye kazi kwa utaratibu: tunafungua akaunti moja ya chumba, tunaandika neno lake la siri katika bahasha iliyofungwa, tunaingiza kle pale duka linapoomba. Ya Steam kwa kawaida ina herufi na tarakimu 15 katika mafungu matatu, na watu wengi wanashindwa kwa sababu wanachanganya O na sifuri. Tunaweka resi. Hatumwonyeshi mtu picha ya kle kabla ya kuitumia, maana anayewahi kuiandika njo mwenyewe. Na tukumbuke kwamba ni ya akaunti moja. Tutacheza kwa zamu, sawa vile tunavyocheza na ballon moja kiwanjani.

Tatu, liwepo buku la mashine. Kila programu inayoingia iandikwe: jina, imetoka wapi, nani ameiweka, mwalimu gani ameona. Na yeyote atakayesoma maneno "zima mlinzi kwanza", asimame pale pale. Yule anayekuomba umfunge mbwa kamba kabla hajaingia kiwanjani, unajua amefuata nini.

Nne, kila ijumaa kazi ya sekretariati ipigwe kopi kwenye diski nyingine, halafu diski hiyo ichomolewe na kufungiwa ndani ya sanduku la Bwana Prefe. Ikibaki imechomekwa haina faida, maana mwizi ataifunga pamoja na nyingine. Diski hiyo ingekuwapo mwezi wa tatu, Mama sekreteri angelala usingizi wake.

Bwana Prefe amekubali la nne na la tatu. La kwanza analifikiria. La pili anasema tuzungumze na wazazi. Ninyi wanafunzi sharti mseme mnataka nini, maana kapita peke yake hawezi kulinda mashine kumi na moja. Tena mmeona jinsi alivyolinda.

Pete ya kle imetoka kwangu, iko kwa Mama sekreteri. Ni haki. Mdogo wetu wa darasa la nane nilimwomba radhi mbele ya mstari wa asubuhi, kama alivyosimamishwa mbele ya mstari. Alinipa mkono, lakini hakusema kitu, na sikumlazimisha. Juzi walimu walimchagua ashike buku la mashine. Anaandika vizuri, mistari imenyooka. Jumamosi nilikwenda kuomba kuweka mchezo wa Wesnoth. Aliniangalia, akafungua ukurasa, akaniuliza: "Yaya, imetoka wapi? Nani ameona?"

Nikamjibu yote mawili. Akaandika.

Ni mimi kapita wenu, finalisti.